Wagombea wa mama mkubwa wamepata sifuri kituoni, na aliyemsaidia kupiga kura ni mimi

Wakuu, nawasalimu kutoka Mtanda, Lindi mjini.

Kituoni kwa mama yangu mkubwa, kule Kilangala, jozi aliyoichagua ya rais na makamu imepata sifuri. Karatasi ya matokeo imebandikwa ukutani, kila mtu kaisoma.

Yeye haoni. Aliyeingia naye kutia alama ni mimi.

Vyama na majina sitayataja, na msihangaike kukisia, maana waliopata sifuri pale hawakuwa jozi moja tu. Mengine nayaweka kama yalivyokuwa.

Nirudi nyuma kidogo.

Mama mkubwa ndiye aliyenilea. Macho yalimwisha taratibu, miaka mingi sasa. Anaishi na mwanawe, kaka yangu Bakari, wanalima korosho. Bakari ni mtu wa chama hasa: tisheti, kofia, mpaka pazia la mlangoni.

Ndiyo maana uchaguzi ulipokaribia mama mkubwa alinipigia simu mimi. Hakuzunguka.

"Njoo unishike mkono siku ya kura. Huyu wa humu ndani atanitilia ya kwake."

Asiyeona anaruhusiwa kuingia na mtu anayemwamini mwenyewe, nikakubali. Siku yenyewe nikapiga kura yangu Mtanda mapema, nikachukua bodaboda.

Nilimkuta barazani kajifunga kanga ya Idi. Nikamwamkia, akaitika marahaba, na hapo hapo akanipa kazi.

Redio yake haizimwi, kampeni zote kazisikiliza. Mgombea urais wa chama kimoja alimfurahisha kwa habari ya korosho. Lakini mgombea mwenza aliyemkaa moyoni ni wa chama kingine, mama mmoja kutoka Zanzibar. Alisema yule anaongea kama mtu aliyewahi kuzika.

"Sasa nichanganyie," akasema. "Wali wa huku, mchuzi wa kule."

Wakuu, oneni mtihani huo. Nikimtii, kura imeharibika.

Nikamweleza kwamba makamu wa rais hana karatasi yake. Picha mbili zinakaa pamoja, mmoja wa Bara na mwingine wa Zanzibar, kisanduku ni kimoja. Ukimpa rais, mwenza kaingia naye. Na jozi itakayozizidi nyingine kwa kura, ndiyo imeshinda.

Kisha akauliza, rais akifa anakaa nani? Nikasema huyo huyo makamu, anamalizia muda uliobaki.

"Basi mimi namchagua anayebaki. Huyo wa mbele atakuja naye."

(Tangu siku hiyo nimewauliza watu kijiweni, mwenza wa uliyempa kura anaitwa nani? Wengi wanajikuna kichwa.)

Kituo ni darasa la shule ya msingi. Kwenye foleni maneno yalishaanza, mzee mmoja akasema mama kaagiza mkono kutoka mjini. Watu wakacheka, nami nikajichekesha.

Tunaingia ndani, kwenye dawati la mawakala wa vyama kakaa nani? Bakari. Alitutazama, akarudi kwenye karatasi zake.

Msimamizi akaniambia nifuate anachotaka mama, na nitakachokiona kibaki kwangu, maana hata mawakala wameapa kutunza siri.

Pale kwenye kibanda nikamnong'oneza majina, juu mpaka chini. Akachagua yake. Nikashika kalamu, akanizuia. Alitaka na mkono wake uwemo, maana kura ambayo hajaigusa ataionaje kuwa ni yake?

Nikamshikisha kalamu, nikaushika mkono wake. Vema ikaingia kwenye kisanduku. Mkia wake ulikuwa mrefu, ukapanda kuelekea mstari wa jirani.

"Imekaa?"

"Imekaa, mama."

Nilivyoiona mimi, ilikuwa imekaa. Ila tangu siku ile, kila nikiikumbuka alama ile, mkia unazidi kurefuka.

Mama mkubwa hakuona haja ya siri. Alipofika nyumbani alimwambia Bakari mwenyewe kampa nani. Kesho yake asubuhi Bakari akanipigia, hata salamu hakutoa. Alisema jozi ya mama ina sifuri, nije niisome mwenyewe.

Nilikwenda. Ni sifuri kweli. Chini kwenye karatasi ile zilitajwa kura zilizokataliwa, chache. Roho ikarudi kidogo, huenda yetu ni mojawapo. Halafu ikatoka tena. Kama ni mojawapo, basi iliharibikia mkononi mwangu. Kama siyo, ilikwenda wapi?

Nyumbani mama mkubwa hakunifokea. Alinikaribisha, akaagiza niletewe chai. Nilipomaliza kunywa ndipo akasema.

"Nilimruka niliyemzaa nikakuita wewe. Ulitia wapi, mwanangu?"

"Pale pale uliposema, mama."

"Haya."

Ningefokewa ningelala. Hiyo "haya" ndiyo inayonikosesha raha. Sina cha kumwonyesha, maana kura haina jina, na shahidi wake pekee ni mimi ninayeshukiwa.

Nilichojifunza, ukimpeleka asiyeona, uliza mapema kama kituoni kuna kile kifaa cha kupapasa, apige mwenyewe. Mimi nimekisikia baadaye. Na alama ikikutia shaka hata kidogo, omba karatasi nyingine kabla hamjafika kwenye sanduku. Ikishatumbukia humo hairudi.

Waliowahi kuhesabu kura naomba mnisaidie: vema ipo ndani ya kisanduku, mkia umegusa mstari wa jirani, mezani mnaamuaje? Na waliowahi kumshika mtu mkono kama mimi, mlimtulizaje moyo?

Nawauliza nyinyi kwa sababu niliyeanza kumuuliza kanigomea. Kura zinazokataliwa huonyeshwa mawakala, na Bakari alikuwepo mpaka mwisho. Nilimfuata uani akiwa anaanika korosho, nikamuuliza kama aliiona moja yenye mkia mrefu.

Hakuinua uso.

"Na mimi niliapa, mdogo wangu."

Akaendelea kutandaza korosho zake. Mama mkubwa alikuwa dirishani, anasikia yote.