Okidi Iliyopendwa Mpaka Ikaoza

Juzi nilikuwa Ruiru kwa muuza miche, nikichagua sukuma ya kupanda, mama mmoja akashuka kwenye boda akiwa amekumbatia chungu cha maua kama mtoto mgonjwa.

"Mzee, niokolee hii okidi. Niliitoa juu ya mti kule mto Chania, na sasa inakufa."

Muuza miche akaingiza kidole kwenye udongo, akakinusa. "Umeiwekea nini?"

"Mbolea ya ng'ombe. Na maji asubuhi na jioni."

"Ngai! Mama, hizi zimebaki chache huko mtoni. Zinaishi kwenye gome la mti, zinakunywa umande na mvua. Wewe umeipenda mpaka ikaoza."

Akaitoa polepole, akapangusa mizizi, akaifunga kwenye mparachichi wake kwa kipande cha stokingi.

"Nije kuichukua lini?"

"Hutakuja kuichukua. Utakuja kuisalimia."

Kifungua mimba wangu amehamia Githurai, na kila Jumamosi mimi humpelekea sufuria ya githeri, blanketi na mawaidha. Jumamosi hii nitaenda kumsalimia tu.

Lakini githeri kidogo nitabeba.