Kati ya Usukani na Magurudumu

Wanawake wa samaki wa Ggaba ndio waliosema kwanza. Baba alikuwa akiwachukua asubuhi pale mitumbwi inaposhusha, wanne nyuma na mmoja mbele, magunia yao ya samaki aina ya ngege yakivuja kwenye buti, akawaleta mjini. Gari lilikuwa kuukuu, la rangi ya maziwa, na tangu mvua za masika lilikuwa na tabia ya kwenda upande. Ukilielekeza mbele lilifikiri kwanza. Likikaribia mtaro ndipo lilipokumbuka.

"Mzee," alisema mmoja wao, mwanamke mnene mwenye sauti ya kuita watu waliomo majini, "gari lako linanusa mitaro kama mbwa."

"Ni barabara," baba akajibu.

"Barabara hii hii juzi nilipita na basi. Mbona haikutuvuta?"

Wenzake walicheka, lakini kabla ya juma kwisha wawili kati yao walikuwa wakisafiri na mtu mwingine.

Nyumbani Nsambya, katika vyumba tulivyopanga nyuma ya nyumba za reli, mama alikuwa na maelezo yake, ila hakuyatoa mbele ya baba. "Gari halina kosa," aliniambia tukichambua mchele. "Ni mikono ya baba yako."

Mikono ya baba haikuwa jambo la kuzungumzwa. Kabla ya gari kuwa kazi yake, alikuwa karani wa mizigo. Siku moja watu wasiojitambulisha walimtoa kwenye meza yake, wakakaa naye kwa muda wao, kisha wakamrudisha. Sisi ni Wanubi. Babu zake baba walikuja na bunduki za Waingereza kutoka Sudan, na majirani wengi walidhani kwamba katika utawala ule wa jeshi, uliojaa Wanubi wenzetu, watu kama sisi tulikuwa na kinga. Hatukuwa nayo. Walimfunga viwiko nyuma ya mgongo, wakamwacha hivyo. Aliporudi, vidole havikumtii tena. Mtetemeko ulianzia begani, ukashuka, ukatua kwenye ncha za vidole na kukaa hapo. Kalamu ilimshinda. Kwenye meza yake walikuwa wameshamweka mtu mwingine. Hatukumuuliza kitu, naye hakusema kitu. Tulijua tu kwa alama za kamba viwikoni, na kwa kumtazama akishika kikombe.

Likabaki gari. Ikiwa ubovu ulikuwa wa gari, dawa ilikuwepo. Ikiwa ulikuwa wa mikono, baba angebaki barazani akitazama wanaume wenzake wakienda kazini, na sidhani angeyaweza maisha hayo. Kila mtu nyumbani aliomba ubovu uwe wa gari, hata mama aliyesema si wa gari.

Baba alimwita rafiki yake wa ujana, fundi wa karakana ya treni, mtu mwenye tumbo kubwa na utani usiokwisha. Alikuja Jumapili na jeki yake mwenyewe, kwa kuwa hakuamini jeki za watu.

"Tukubaliane kabisa," alimwambia baba. "Kama ni gari, nitalitengeneza. Kama ni wewe, spea za binadamu mimi siuzi."

"Ungekuwa unaziuza, ungeanza kwa kujibadilishia hilo tumbo."

"Hili si bovu. Hili ni tangi la akiba."

Aliinua upande wa mbele. Alishika gurudumu juu na chini akalitikisa; likatulia. Alilishika kushoto na kulia akalitikisa tena. Likacheza, na ndani yake kitu kikagonga, tok, tok, kama mtu anayebisha mlango akiogopa kusikika. Upande wa pili ukagonga zaidi.

"Sasa tujue ni nini hasa," alisema, akateremsha jeki. "Nani ataingia chini? Mimi nikiingia mtanitoa kwa winchi."

Niliingia mimi. Nilikuwa nimemaliza shule na nasubiri, kama wengi wa umri wangu, bila kujua nasubiri nini. Nilifunga leso kichwani nikajisukuma kwa mgongo mpaka nikawa chini ya injini, mahali penye harufu ya grisi na maji ya samaki. Fundi alinielekeza niweke kiganja kwenye kila kifundo cha vyuma vinavyotoka kwenye usukani kwenda magurudumuni, huku baba akizungusha usukani kidogo kushoto, kidogo kulia. Kifundo kizima huenda pamoja na mwenzake, alisema. Kibovu huchelewa.

Baba akazungusha. Vifundo vya katikati vilikwenda pamoja. Nikahamia mwisho, kwenye kile ambacho mafundi wanakiita tairodi, kile kichwa cha mviringo kinachoshika mkono wa gurudumu. Fimbo ilisogea. Gurudumu halikusogea. Fimbo ikasogea zaidi, ndipo kitu kikagonga chini ya kiganja changu na gurudumu likafuata, kwa uvivu. Mpira unaokifunika ulikuwa umepasuka na ndani mlikuwa na mchanga badala ya grisi.

"Hiki hapa!" nilipiga kelele. "Na cha huku pia!"

Baba alitoka garini, akatembea moja kwa moja mpaka jikoni. Nilimsikia nikiwa bado chini.

"Mama watoto. Ni tairodi. Zote mbili."

"Alhamdulillahi," mama akasema, na najua alimaanisha.

Fundi alianza kazi palepale. Alichomoa pini, akafungua nati, kisha akashika nyundo mbili na kupiga kichwa cha chuma kutoka pande zote mbili kwa wakati mmoja, mpaka tairodi ikaruka kutoka mahali ilipong'ang'ania kwa miaka. Alipoizungusha kuitoa kwenye fimbo alihesabu mizunguko kwa sauti ili mpya iingie kwa kiasi kilekile. Ya kulia ilifunguka kama kawaida. Ya kushoto ilifunguka kinyume, kwa kuzungushwa upande ambao nati nyingine zote duniani hukazia.

"Mkumbuke hilo dukani," alisema. "Ukizitazama ni mapacha. Lakini mmoja anakaza kwa kulia, mwingine kwa kushoto."

Mama alizifungia zile kuukuu katika gazeti, baada ya kulikagua kurasa zote asije akafungia grisi katika picha ya mkuu wa nchi, isiyofaa kufungiwa grisi.

Duka lilikuwa karibu na Kikuubo, uchochoro wa maduka mjini. Mwenyewe wa zamani alikuwa ameondoka na Wahindi wenzake walipopewa amri ya kuihama nchi, na duka lilipewa mpiga tarumbeta wa bendi ya jeshi. Hakuwa mtu mbaya. Alitupa maboksi yote yenye namba, kwa sababu yalileta panya, akaning'iniza vyuma ukutani kwa kimo, vifupi mbele, virefu nyuma, kama bendi inavyopangwa. Wateja walisimama wakiwa wameshika vyuma vyao vilivyokufa, wakivilinganisha na vya ukutani.

"Ya kushoto ni ipi, afande?" baba aliuliza.

"Hii haina kushoto, mzee. Hii yote iko moja. Wewe nachukua, nafunga, naenda."

"Zinatofautiana hapa kwenye shina, uzi wa kukazia."

"Chuma ni chuma," alisema mpiga tarumbeta kwa upole, na kunisogezea kiti nipande. "Basi chagua wewe mwenyewe. Hapa hakuna siri."

Tulifungua nati zilizobaki kwenye mashina ya zile kuukuu na kuzijaribisha kwenye mpya, moja baada ya nyingine. Baba alijaribu ya kwanza. Nati iligonga uzi, ikateleza, ikagonga tena, ikaanguka. Aliiokota. Ikaanguka. Mtu aliyekuwa nyuma yetu akageuza uso wake ukutani kwa heshima. Nilichukua nati, nikaendelea, na baba akawa ananipokea zile zisizofaa. Ya kulia ilipatikana mara moja. Ya kushoto ilikuwa imejificha mwisho wa safu, na nati ilipoiingia kinyumenyume, ikishuka laini mpaka chini, tulitazamana tukacheka kwa sauti hadi mpiga tarumbeta akacheka pia, bila kujua sababu.

Kuzifunga ilikuwa kazi rahisi. Fundi alizungusha kwa hesabu yake, akatia pini mpya, akavuta kamba kutoka gurudumu la nyuma hadi la mbele kuona kama magurudumu yametazama mbele au yanatazamana. Alirekebisha, akavuta kamba tena, akaridhika. Kisha akatuchukua, baba na mimi, hadi kipande kilichonyooka cha barabara ya Ggaba.

Gari lilikwenda kama limewekwa kwenye reli. Fundi aliachia usukani, akainua viganja vyote viwili kifuani.

"Tazameni, naomba dua. Lenyewe linaenda."

"Amina," baba akasema. "Sasa shuka."

Wakabadilishana viti. Baba alishika usukani, akaingiza gia, akaongeza mwendo. Gari likaanza kutetemeka. Hakukuwa kule kuyumba kwa zamani, kwa kwenda na kurudi. Pua yake ilikwenda kushoto na kulia, kidogo, upesi, bila kupumzika, kama mtu anayetikisa kichwa kukataa. Nilikuwa nyuma. Niliona mabega ya baba yakikaza, na kadiri alivyokaza ndivyo gari lilivyozidi kukataa. Alilisimamisha kando.

"Umekaza sana," alimwambia fundi.

"Sikukaza kitu."

"Basi lina nini?"

Fundi alijikuna shingo. Utani ulikuwa umemwisha. "Sasa linakusikia. Mwanzo, ule ulegevu ulikuwa unakula mtetemeko wako. Unatetemeka huku juu, mtetemeko unaishia hapohapo. Magurudumu hayakuwa yakipata habari."

Nilikumbuka kiganja changu chini ya gari na ile fimbo iliyosogea peke yake.

"Basi rudisha zile za zamani," baba akasema.

Nilidhani anatania. Fundi alitoka, akafungua buti, akarudi na gazeti. Alishika moja ya zile kuukuu, kichwa mkono huu na shina mkono huu, akavuta. Mpira wa chuma ukatoka kwenye kikombe chake kama jino la mtoto.

"Nirudishe hii? Ikufanyie hivi na wanawake watano garini?"

"Na kwenye kizuizi cha askari barabarani je?" Baba aliuliza kwa sauti ndogo. "Gari linafika mbele yao linatetemeka hivi, na mimi ndani natetemeka hivi. Anayetetemeka anaficha kitu. Wao ndivyo wanavyohesabu. Mwanzo nilikuwa nasema gari bovu, wananicheka, napita. Sasa niseme nini?"

Sijawahi kumsikia akikaribia hivyo kuyasema yaliyompata. Fundi alitazama barabarani. Aliendesha yeye kurudi, na njia nzima gari lilikwenda vizuri mno.

Asubuhi baba aliamka kama kawaida, akafuta kioo, akawasha injini, akakaa mbele ya usukani. Mama alisimama mlangoni na birika. Yeye ndiye aliyekuwa ameshinda mabishano, na sijapata kumwona mtu aliyeshinda mwenye uso ule. Baba alikaa hadi injini ikapata moto. Kisha akajisogeza kwenye kiti cha abiria bila kufungua mlango, akivuka fimbo ya gia kwa shida, kanzu ikinasa.

"Njoo," aliniambia. "Nilikufundisha ya nini?"

Alikuwa amenifundisha kuendesha kabla hawajamchukua, katika gari hilohilo, na leseni nilikuwa nayo, haijawahi kuona barabara.

Wanawake wa Ggaba walinizunguka. "Bambi, jamani! Leo tunabebwa na mtoto!" Lakini walipanda, watano wote, hata wale wawili waliokuwa wametuhama, kwa kuwa yule mnene alipanda kwanza. Wanne walijibana nyuma, na yeye akaketi kwenye kona ya kiti cha baba, kati yake na mimi, nusu ya mwili wake nje ya kiti. Sikuwa na muda wa kusikiliza maneno yao. Usukani ulikuwa mwepesi na mkweli. Niliutaka kushoto, gari likaenda kushoto.

Kizuizi kilikuwa kabla ya mjini. Askari kijana aliinama dirishani upande wa baba, akatutazama mmoja mmoja, macho yake yakatua kwenye mapaja ya baba, mahali mikono ilipolala ikitetemeka.

"Huyu mzee natetemeka nini?"

Baba aliinua mikono yake yote miwili, akamwonyesha, karibu kabisa na uso wake.

"Afande, anayeendesha ni binti yangu. Leo ndiyo mara yake ya kwanza. Njoo ukae hapa wewe, tuone kama hutatetemeka."

Askari alinitazama. Kabla hajaamua, yule mnene akapitisha mikono yake mbele ya kifua cha baba mpaka dirishani, magamba ya samaki yakiwa bado yamemganda, akaitikisa. "Hata sisi, afande! Tazama!" Na wote nyuma wakainua mikono yao wakaitikisa, gari zima likitetemeka kwa mikono, na askari akaangua kicheko, akamwita mwenzake aje aone.

Walituinulia mti, tukapita. Nyuma hakuna aliyecheka hata tulipofika mbali. Mmoja wao alikuwa akilia kimya kimya na mwingine akimkanya asilie. Mikono ya baba ilikuwa imerudi mapajani.

"Tia gia ya tatu," alisema, akitazama mbele. "Unaiumiza injini."