Ukurasa wa Mwisho wa Tamthilia ya Kobina

Mwalimu Kobina Essilfie wa mji wa Saltpond alipofariki, alimwachia mkewe Araba vitabu vya aina tatu, vyote kavitunga mwenyewe. Kimoja kilieleza ndege wa mabwawa ya chumvi. Cha pili kilikuwa hadithi ya mzee wa kanisa aliyemnunia Mungu, kisha wakapatana. Cha tatu kilikuwa tamthilia ya vijana.

Araba aliviuza sokoni, jirani na wauza samaki wa moshi. Kitabu cha ndege walikichukua walimu. Hadithi ya mzee wa kanisa iliwaliza akina mama, wakarudi kuwanunulia mashoga zao. Tamthilia hakuna aliyeigusa. Ilikaa mezani mpaka majalada yakapauka. Mvua zilipokaribia, Araba akafanya kama wauza vitabu wote wa soko lile: kisichouzika humwendea muuza karanga. Esi Gyanwa akabeba rundo zima, akawa anachana kurasa na kufungia karanga zake za kukaanga.

Mwezi haujaisha, akaja Mansa, binti aliyeongoza kikundi cha maigizo cha vijana.

"Anti Araba, tunataka tamthilia ya Mwalimu. Tunaicheza kwenye sikukuu ya mavuno."

Araba hakuwa amebakiza hata nakala moja. Kiwanda kilichoichapa kilishafungwa, na mswada uliliwa na mchwa. Alivua kanga ya mabegani, akajifunga kiunoni, akaenda kwa Esi.

"Dada, zile karatasi zimebaki?"

"Zimebaki chache. Kwani leo unanunua karanga au unanipora vifungio?"

"Esi, usinitanie. Ni kazi ya marehemu."

Esi akaacha kucheka. Wakapekua kikapu pamoja, kisha wakazunguka soko zima wakiwaomba wateja karatasi zenye mafuta na chumvi. Kinyozi mmoja alizitoa mfukoni huku akinung'unika, "Karanga nimekula, sasa mnataka na maganda?"

Walipozipanga sakafuni kwa Araba, tamthilia ilikuwa karibu nzima. Binti wa mchota chumvi anakataa kuolewa, anakwenda kusoma. Mama yake anafunga mlango na kuapa hatamfungulia tena. Miaka inapita. Binti anarudi, anabisha hodi. Hapo ndipo karatasi zilipoishia. Ukurasa wa mwisho haukuonekana, hata wa nakala moja.

"Mama anafungua?" Mansa akauliza.

Kobina alikuwa amemsomea Araba tamthilia ile yote, jikoni, usiku alioimaliza. Yeye alikuwa amechoka na soko, akasinzia kabla ya mwisho. Kobina alimfunika shuka, wala hakumlaumu. Asubuhi alimuuliza, "Umeuonaje mwisho?" Naye akajibu, "Mzuri sana." Hakuwahi kuomba asomewe tena. Na tamthilia zenyewe zilikaa mezani kwake muda wote ule, lakini hakufungua hata moja. Alizifuta vumbi tu.

"Sijui, mwanangu," akasema.

"Basi tuseme anafungua. Watu watafurahi."

"Hapana. Msimtilie Mwalimu maneno mdomoni. Nimeshampotezea yake, inatosha."

Siku ya sikukuu Araba alikaa mbele kabisa. Alisikiliza kila neno, macho makavu yamekodolea jukwaa, kana kwamba kusinzia kwa siku ile kungeweza kulipwa leo. Mansa, aliyecheza binti, akafika mlangoni. Akabisha mara ya kwanza. Akabisha tena. Nyuma ya mlango, mama alisimama mkono juu ya komeo, hasogei.

"Mfungulie basi, we mama mwenye roho ngumu!" bibi mmoja akapiga kelele, na uwanja mzima ukaangua kicheko.

Pazia likafungwa. Watu wakapiga makofi, wakaanza kubishana kama angefungua. Mmoja akamgeukia Araba: "Wewe mkewe, si unajua? Mwalimu alimalizaje?"

Araba akatikisa kichwa. Walipotawanyika wote, yeye alibaki kwenye kiti chake, akilitazama lile pazia.