Papa Alimng'ata Katana, Nyangumi Akamtuliza

Nilitoka Kaloleni kwa agizo moja la mama: nimrudishe mdogo wangu Katana nyumbani kabla bahari haijammaliza. Papa alikuwa amemng'ata paja huko Kuruwitu, anakozamia pweza na samaki, na kidonda kilipopona tu akarudi majini. Mama alikwisha kumfagilia chumba.

Asubuhi nilishuka mteremko kwa bodaboda, nusu macho nusu usingizini, hadi upepo ukaanza kuwa na chumvi. Njiani nilipanga maneno. Mimi nina ulimi mkali, sikutarajia taabu.

Adhuhuri nilifika Kuruwitu. Mke wa Katana, Zainabu, alinipokea kwa wali na pweza wa nazi.

"Shikamoo, wifi."

"Marahaba. Ilikuwaje hata akang'atwa?"

"Ni ile kamba, wifi."

Wazamiaji hutunga samaki kwenye kamba na kujifunga kamba hiyo kiunoni, mikono ibaki huru kwa kazi. Papa alifuata damu, akachukua samaki, na nyama ya mwenye samaki.

"Siku hizi samaki nawafunga kwenye dumu linaloelea mbali nami," akadakia Katana, aliyekuwa akila nasi. "Akitaka, ale dumu."

Walicheka wote wawili. Mimi nilikasirika.

Alasiri Katana alinipeleka nje ya mwamba kwa boti ya jirani yake. Maji yalikuwa yametulia kama mtindi kwenye kibuyu. Jirani alizima injini. Nyangumi akachomoza, akapumua kwa kishindo, na mgongo wake ukapita taratibu, ukapita, ukapita. Nilimshika Katana mkono kwa hofu, nikakuta wake unatetemeka kuliko wangu.

"Kumbe nawe waogopa?"

"Sana, dada. Lala hapa, utege sikio."

Tulilala kwenye sakafu ya boti. Wimbo wa nyangumi ulipanda kupitia mbao, mzito, mrefu, ukaniingia kifuani. Katana alifumba macho. Mkono wake ukatulia ndani ya wangu. Sijui tulikaa muda gani. Nilikuwa na furaha ya ajabu.

Kesho yake nilirudi Kaloleni. Mama alitazama nyuma yangu.

"Amekataa?"

"Hapana, mama. Sikumwomba."

Akaingia ndani, akafunga mlango.

Nilichojifunza ni kidogo: Katana anaogopa bahari kama sisi, na ni hukohuko anakotulia. Mama hajanisemesha mpaka leo. Bahari ikichafuka silali, na nikitumwa tena, nitarudi tena peke yangu.