Nyota Iliyosemekana Kumla Mwenzake

Nilikuwa bado mtoto wa kutumwa chumvi dukani, miaka tisa tu, niliposhtakiwa kwamba ninamla dada yangu. Si kumchukia, si kumwonea wivu. Kumla. Mshtaki alikuwa shangazi yetu, dada mkubwa wa baba, ambaye sisi Wabukusu humwita Senge. Shahidi wake alikuwa nyota.

Mimi na Mulongo ni mapacha. Mimi, Mukhwana, nilitangulia. Yeye akafuata, mdogo wa mwili, na tangu siku hiyo watu hawajaacha kutupima kwa macho. Wazazi wetu waliishi Kitale, ambako mama aliuza mahindi, na kila likizo ya Agosti tulipelekwa Bumula kwa Senge. Kwake kulikuwa na sheria moja isiyovunjwa: pacha hapewi kitu peke yake. Nikinunuliwa ndala, Mulongo naye anunuliwe. Yeye akichapwa, mimi pia napata zangu, hata kama nilikuwa nimelala. Senge hakuibuni sheria hiyo, aliikuta. Ati ukimpa mmoja ukamnyima mwingine, yule uliyemnyima ataugua, pengine afe. Siku za mandazi tuliipenda sana.

Halafu kulikuwa na ile habari ya nyota. Jioni moja, tulipomaliza kula, Senge alitutoa uani akatuelekeza upande wa Mlima Elgon. Huko kuna nyota saba, nne zimekaa kama sufuria na tatu kama mpini wake.

"Angalieni ile ya katikati ya mpini," alisema. "Mnaona moja?"

Tulikaza macho. Haikuwa moja. Kulikuwa na kubwa, na nyingine ndogo sana imeketi ubavuni mwake.

"Hao ni nyinyi. Hiyo kubwa inakula kadogo pole pole. Siku mtakosa kukaona, mjue kamekwisha."

"Kubwa ni nani?" Mulongo aliuliza, na jibu alilijua.

"Si ni huyu anamaliza ugali?"

Tulicheka, na mimi ndiye niliyecheka zaidi.

Likizo hiyo hiyo Mulongo alishikwa na malaria. Senge alimbeba mgongoni mpaka zahanati, mwendo wa karibu saa nzima, akarudi na vidonge vya siku tatu. Nakumbuka vizuri alivyokaa kwenye kigoda, akaweka kidonge kwenye kibao cha kukatia mboga, akakikata katikati kwa kisu. Alifanya kwa uangalifu, ulimi ukimtoka kidogo kama mtu anayetunga uzi kwenye sindano. Nusu akampa Mulongo. Nusu akanipa mimi.

Mimi sikuwa hata na mafua. Lakini pacha hapewi kitu peke yake, na hakuna aliyeshangaa, mimi mwenyewe nikiwemo. Vilikuwa vichungu kama nyongo. Nilimeza kila siku bila kukunja uso, nikijisifu moyoni kwamba ninamsaidia dada yangu kuugua.

Siku ya nne homa ilipanda. Midomo ya Mulongo ilipasuka, akawa ananiita mama. Jioni mvua ilikatika, mbingu ikafunguka, na Senge akatoka uani peke yake. Alikaa huko muda mrefu. Macho ya Senge, niseme sasa kwa sababu wakati huo hakuna aliyesema, yalikuwa hayatambui kuku wake hadi wamfikie miguuni.

Aliporudi ndani hakuketi. "Kadogo hakapo," alisema.

Nilichomoka nikaenda kuangalia. Ilikuwepo! Ndogo, nyembamba, mahali pake pale pale.

"Senge, kapo! Si hako hapo? Njoo nikuonyeshe!"

"Utakosaje kukaona wewe, na kako tumboni mwako?"

Nimeshiriki midahalo mingi chuoni tangu hapo, na sijawahi kukutana na hoja chafu kama hiyo. Ukiona, una hatia. Usipoona, mwenzako amekwisha. Senge alikunja blanketi langu akalitupa jikoni karibu na mbuzi.

"Utalala hapo. Usimkaribie. Usimwangalie hata kwa dirisha."

Aliniletea ugali, akafunga mlango kwa nje. Na mimi nilimwamini. Niliutazama ule ugali nikaona kila tonge nitakalomeza linatoka mwilini mwa Mulongo. Nikausukuma kwa mguu, mbuzi wakala.

Asubuhi alipofungua mlango aje kukamua mbuzi, nilipita kando yake nikakimbia hadi zahanati. Dirishani alikuwepo muuguzi, kijana ambaye kila mtu alimwita daktari.

"Naomba nusu ingine ya dawa ya dada yangu."

"Nusu gani?"

"Yeye alikula nusu na mimi nikakula nusu."

"Kwani wewe ulikuwa mgonjwa?"

"Hapana. Mimi ni pacha."

Alifunga dirisha, akatoa baiskeli, akanipakia kwenye keria. Njia nzima alikanyaga pedali kwa nguvu.

Maneno alikuwa amemwekea Senge. "Mama, dawa si ndizi! Nani alikuambia ugawanye?"

"Dakitali, usinipigie kelele kwangu. Hawa ni mapacha. Nikipatia mmoja, mwingine ataniangalia na macho gani?"

"Na huyu amelala na mbuzi kwa nini?" aliuliza, akiliona blanketi langu jikoni.

"Anakula mwenzake."

"Aliyekuwa anamla huyo mtoto ni wewe, na kisu chako!"

Mulongo alitiwa kwenye pikapu ya jirani akapelekwa hospitali ya Bungoma. Alikaa huko wiki mbili. Alirudi hai, mifupa mitupu, na sikio la kushoto halikusikia tena.

Sasa sikiliza jinsi ukoo wetu unavyoisimulia. Mulongo alipona, wanasema, kwa sababu Senge aliwahi kututenganisha kabla sijammaliza. Ameisimulia kwenye harusi, kwenye matanga, na watu wazima wenye vyeti vyao wametikisa vichwa kukubali. Muuguzi hayumo. Kisu hakimo.

Chuoni nilipata kuitazama nyota ile kwa darubini. Ile kubwa, hata yenyewe ni nyota mbili, zinazungukana, kila moja imeshikwa na uzito wa mwenzake. Ile ndogo iko mbali nazo kiasi kwamba mwanga huchukua miezi mingi kuvuka katikati. Hakuna anayemla mtu pale. Na mwanga ambao Senge alisimama uani kuutafuta ulikuwa umeondoka huko kabla yeye mwenyewe hajazaliwa.

Sitaficha lililonikera. Ziko nyota pacha nyingine, zilizokaribiana mno, ambazo kweli moja huvuta gesi ya mwenzake na kujishibisha. Mara nyingine mnyonyaji ndiye mdogo. Nilimsimulia Mulongo, akanigeuzia sikio la kulia, akacheka mpaka akashika mbavu.

"Kumbe ni mimi nilikuwa nakukula!" Kisha akajipangusa macho. "Lakini Senge alinibeba mgongoni saa nzima, Mukhwana. Hiyo nayo uiweke kwa hoja zako."

Nimeiweka. Vidonge nimemsamehe, alikata kwa mapenzi, kwa sheria aliyoikuta. Lakini Krismasi iliyopita alianza tena kuisimulia mbele ya watoto wa ndugu zetu, nikasimama.

"Senge, nilikuwa na miaka tisa."

"Ndiyo," alisema, "na njaa yako ilikuwa ya miaka ishirini."

Watu waliangua kicheko. Niliketi. Mbele yangu palikuwa na sahani ya kuku, na nikajiona ninaisogeza kando, mimi mtu mzima, kama ambavyo nimesogeza sahani nyingi katika maisha yangu bila kujiuliza kwa nini.

Muuguzi alikuja kuokoa mgonjwa, na alifanya vyema. Baba na mama walikuja kumshukuru Mungu. Lakini hakuna hata mmoja wao aliyechutama mbele ya yule mtoto mwingine akamwambia si wewe. Nimengoja sana aliyestahili kulisema, na sasa naona hatalisema. Basi nalisema mwenyewe. Siku ile ya Krismasi niliirudisha ile sahani mbele yangu, Senge akiniangalia, nikala mpaka mfupa wa mwisho. Sikumla dada yangu.