Kamomili ya Maji ya Nepi

Leo hapa Lodwar mwenyeji wangu amenimiminia chai ya kamomili, na kabla sijaonja nimekirudisha kikombe mezani. Ni ile harufu.

Kule Kakuma mama alipanda maua hayo meupe kivulini nyuma ya nyumba, kwa ajili ya tumbo la mdogo wangu aliyekuwa akilia kutwa. Kazi yangu ilikuwa kuyamwagilia kwa maji tuliyofulia nepi zake, maji ya kijivu yenye povu, yaliyonuka mkojo.

"Mama, haya machafu."

"Ukiyapa maua maji ya bomba, wewe utakunywa nini?"

Labda nazidisha, maana sabuni nayo ilinukia. Na kusema haki, mama aliyasuuza yale maua na kuyachemsha sana. Lakini kijiko cha kwanza cha chai alinipa mimi, nionje kama imepoa.

"Inatia kichefuchefu, mama."

"Onja. Mwenye nepi mwenyewe halalamiki."

Niliitia mdomoni, nikaitikia kwa kichwa kwamba imepoa. Mtoto akanyweshwa, akalamba midomo, akanyamaza, akalala. Ndipo nikatoka hadi kwenye maua, chai ingali mdomoni, nikaitema taratibu nisimwamshe.