Mguu Nilioona Haya Kuunyoosha

Mguu wangu wa kushoto ulianza kukataa kuinuka wiki ile matanga ya babu yalipoisha. Nilikuwa natoka msikitini, kandambili ikachomoka. Nikaivaa, ikachomoka tena. Kufika nyumbani, mtaa wa Usagara, nilikuwa nainua goti juu kama mtu anayevuka dimbwi, maana nisipofanya hivyo vidole vinaburuza chini. Nikipapasa juu ya wayo, nahisi ganzi.

Wengine wangesubiri kesho. Mimi niliwasha simu, na kabla ya chakula cha mchana nilikuwa nimeshajipa ugonjwa unaoanza mguu mmoja, ukahamia wa pili, ukapanda mikononi, ukamalizia kwenye pumzi.

Nilikuwa na sababu nyingine ya kuhofu. Baada ya chuo nilikaa nyumbani mpaka majirani wakachoka kuniuliza, ndipo nikapata nafasi kwenye mradi wa minazi kule Mwera. Kazi yenyewe ni kuzungukia mashamba kwa pikipiki, na gia ya pikipiki hupandishwa kwa vidole vya mguu wa kushoto. Nilijaribu kwenye pikipiki ya jirani, ikiwa imezimwa. Vidole viligusa gia vikaishia hapo. Nilitakiwa kuripoti baada ya arobaini ya babu.

Daktari wa kwanza alinigonga magoti kwa kinyundo, akaniandikia kipimo cha mishipa ya fahamu. Mtaalamu wake huja kutoka Dar es Salaam na mashine yake, kwa hiyo nikasubiri, na kila asubuhi kabla sijainuka kitandani nikiviamuru vidole viinuke. Havikupanda.

Siku ya kipimo bibi, ambaye ni mtu wa Pemba, alinikalisha uani akanisugua mguu mzima kwa mafuta ya karafuu. Kwake yeye huendi hospitali na miguu mikavu, na karafuu ndiyo inayoamsha mishipa.

Mtaalamu alikuwa mama wa makamo. Nikamwamkia shikamoo, akaitikia, akaniambia nilale na nipandishe suruali. Akabandika vidude vya waya juu ya wayo. Vikateleza. Akabandika tena, vikaanguka.

"Nani kakupaka karafuu? Mguu unanukia pilau."

"Bibi."

"Msalimie. Mwambie siku nyingine akupake ukirudi."

Akausugua mguu kwa spiriti mpaka ukawa mkavu. Nikamuuliza kama umeme ule unaweza kufika moyoni.

"Unaenda kidoleni. Moyo wako una shida gani tena?"

Kipimo chenyewe ni hivi. Anakugusa kwa kifaa chenye ncha mbili, umeme mdogo unakuchoma, mguu unaruka wenyewe bila idhini yako, na kwenye skrini kinatokea kilima. Alinigusa kifundoni, kilima kikasimama. Akanigusa chini kidogo ya goti kwa upande wa nje, kikasimama vilevile. Akapandisha juu ya goti. Mguu ulitikisika kidogo tu, na kilima kikawa tuta. Akarudia. Tuta. Akaandika, na mimi nikaanza kufikiria nani atamwambia mama.

Akahamia mguu wa kulia, kisha nyuma kwenye shavu la mguu, akaja na sindano nyembamba ya kusikiliza misuli. Mwisho akaniuliza, "Unakaaje?"

"Kwenye kiti?"

"Chini. Ukikaa chini unakaaje?"

Nikamweleza matanga. Mimi ndiye mjukuu mkubwa, nilikaa juu ya mkeka ubavuni kwa mjomba kupokea watu, tangu asubuhi mpaka wazee waondoke, miguu nimeikunja na goti la kushoto limelalia sakafu. Mbele yetu mas-hafu juu ya marufaa, kile kibao chake cha kusomea. Kwetu mguu haunyooshwi kuelekea mzee, sembuse mas-hafu. Nilipokuwa mdogo mjomba alikuwa akinigusa kidole cha mguu kwa bakora yake, "Vuta mguu." Ganzi niliisikia siku ileile ya kwanza. Nikafikiria kuinuka, nikafikiria watakaosema nimechoshwa na msiba wa babu yangu, nikabaki.

"Hukunyoosha hata mara moja?"

"Wazee walikuwepo."

Akacheka mpaka akaweka kalamu chini. "Basi umeukalia mshipa, mwanangu." Akanibonyeza kwenye kifupa cha nje ya goti. Mshipa unapita hapo, karibu kabisa na ngozi, na mimi nilikuwa nimekonda. Umeme ukitokea chini ya hapo unafika vidoleni, ukitokea juu unakwama. Mguu wa kulia mzima, mgongo mzima. Hakukuwa na ugonjwa wa kupanda popote.

"Mguu utarudi taratibu."

"Taratibu ni lini?"

"Wewe! Wiki kadhaa, pengine miezi. Usiukunje tu. Ukiukalia tena, tunaanza upya."

Msimamizi wa mradi kule Mwera nilimpigia simu nikamwomba muda. Akanipa, lakini si mwingi.

Ikaja hitima ya arobaini. Kulikuwa na viti nyuma kwa wazee wa magoti mabovu, nikavitazama sana. Mwishowe nikaenda mahali pangu ubavuni kwa mjomba, nikakaa, nikaunyoosha mguu wa kushoto mbele ya watu wote. Masikio yakaniwaka moto.

"Mguu huo?" mjomba akauliza kwa sauti ya chini.

"Nimekatazwa kuukunja, mjomba. Niliukalia mshipa siku za matanga."

"Siku zote zile? Na hukusema?"

"Ulikuwa umekaa pale."

Aliisogeza marufaa upande wake wa pili, akavua shali begani, akaufunika mguu wangu mpaka kwenye goti. "Haya, soma juzuu yako."

Nikasoma. Katikati ya ukurasa, kwa mazoea, nikaviamuru vidole. Shali ikainuka kidogo pale kwenye kidole gumba, ikashuka. Nikaamuru tena, ikainuka tena. Mjomba, macho yake kwenye juzuu, akapagonga kwa kidole.

"Tulia. Mwera haikimbii."